Amri ya Maji Iliyoishia kwa Nyapara

Saa kumi na moja alfajiri, Jacqueline Ajiambo tayari yuko kati ya mistari ya mkonge, kisu mkononi. Anaanza na mwiba wa ncha, kisha anakata jani karibu na shina, analitupa kwenye fungu na kusonga mbele. Koo limemkauka, na chupa aliyokuja nayo ina maji ya kahawia.

Maji hayo ni ya silanga, bwawa la kuchimbwa ambalo wakazi wa kambi ya wafanyakazi hunywa pamoja na ndovu. Si kwamba kambini hakuna bomba. Lipo, ila kampuni yenye shamba ililifunga mwaka juzi wakazi walipokataa kuhamishwa. Shamba lenyewe liko nje ya mji wa Voi, nasi hatulitaji kwa kuwa faili ya kesi haijafungwa mahakamani.

Ajabu ni kwamba kesi hiyo walishinda. Mahakama iliamuru bomba lifunguliwe mara moja.

"Tuliimba mpaka sauti zikaisha," anasema Ajiambo, mzaliwa wa Busia aliyeletwa huku na ndoa na kuumalizia ujana wake kwenye mkonge. "Tulifikiri maji yanakuja kesho."

Wakili aliyewasaidia bila malipo aliwaachia neno moja: kampuni haikutuma mtu kortini, kwa hiyo hakikisheni meneja anaipata amri. Hapo ndipo mambo yalipoharibika, na inauma zaidi kwa sababu hakuna aliyekusudia ubaya. Wakazi walifanya kama walivyozoea. Walimpa nyapara.

"Hapa kila kitu hupitia kwa nyapara," Ajiambo anaeleza. "Mtoto akigonjeka, nyapara. Ukitaka ruhusa ya matanga, nyapara. Sasa hiyo ya korti ningemruka nimpelekee nani?"

Nyapara ni Muli, mtu mpole ambaye naye anaishi kambini na kunywa maji yaleyale. Aliiweka amri kabatini. Wiki zikapita, zikawa miezi. Kambi nzima ilimlaani meneja kwa kiburi cha kudharau korti, kumbe hajakabidhiwa chochote.

Kisha ukaja ukame. Alasiri moja Mumbe, jirani na rafiki wa Ajiambo, aliteremka silanga peke yake na mtungi. Ndovu jike mwenye ndama akamvamia ukingoni. Wanaume waliokimbilia mayowe walimkuta amekufa.

"Alikuwa amenipitia twende pamoja. Nikamwambia atangulie, nimechoka," anasema Ajiambo. Anajifuta macho kwa kiwiko, maana viganja vimejaa utomvu wa mkonge.

Ni kifo hicho kilichowapeleka kwa tume ya haki za binadamu. Ofisa wake, Elsie Wakesho, alikuja kambini, akaketi nao, akauliza swali ambalo hakuna aliyekuwa ameliuliza: ni nani aliyepokea amri hii? Watu wakamgeukia Muli.

"Sikukataa kuipeleka, Mama Abby," Muli alimwambia Ajiambo mbele ya wote. "Nilikuwa nangoja siku bosi ameamka vizuri. Hiyo siku haikufika."

Ningependa kuandika kwamba walimsamehe. Siwezi.

Ajiambo alidhani tume ingefungua bomba siku hiyohiyo. Elsie akamwambia ukweli. "Mama, sisi hatuna pingu wala spana. Kazi yetu ni kuifuata amri hapo ilipokwama, kuhakikisha imemfikia anayehusika, halafu kurudi kortini kusema kama ameitii. Kumwadhibu ni kazi ya jaji."

"Na mbona hamkuja mapema, madam?"

Elsie hakujitetea. "Amri ilisomwa hadharani," anasema sasa. "Tulipaswa kuifuatilia tangu siku ile. Hilo linaniumiza."

Wiki ijayo amri itatiwa mkononi mwa meneja, mtu wa korti akiwepo, na tume itamwandikia jaji yatakayofuata. Kampuni inaweza kukata rufaa na maji yakachelewa tena. Hata yakija, Mumbe hatayanywa.

Ajiambo ameomba jambo moja tu, aende nao. Kwa miaka yote aliyokaa shambani hajawahi kuvuka mlango wa ofisi ya meneja.

"Nataka aniulize, 'Wewe ni nani?'" anasema. "Nimwambie, mimi ni yule korti ilisema apewe maji."