Lauchie, Fundi wa Kufa

Kwa miaka thelathini Lauchie MacIsaac alikuwa polisi wa Chicago kwenye filamu bila kuitia Chicago machoni. Ilikuwa ni Toronto, mji wa nchi jirani, imevalishwa Chicago: alfajiri wanamwaga takataka barabarani, wanatundika bendera ya Marekani, kisha Lauchie anatokea, anabweka sentensi mbili, anapigwa risasi. Alikufa vizuri, haki ya Mungu. Wenzake walimwita Marehemu hata kwenye foleni ya supu.

Kila Krismasi alirudi kwao, kisiwa cha Cape Breton, kwa dada yake Effie, mjane wa mchimba makaa ya mawe, naye alimpokea kwa chewa, viazi na ulimi mkali.

"Nimeona wamekuua tena. Lini utaigiza mtu wa kwenu, wewe?"

Basi ikaja filamu ya wachimbaji wa Glace Bay, mji wa makaa kulekule kisiwani kwao. Ndani yake mlikuwa na mzee mwenye hotuba ndefu, sawasawa na baba yao Dan, aliyemalizwa na vumbi la mgodini. Lauchie aliitaka nafasi ile kuliko alivyowahi kumtaka mwanamke. Akaenda kwenye usaili na kofia ya baba kichwani.

"Zungumza kama watu wa kisiwani," mwongozaji akamwambia.

Akafungua kinywa, akatoka polisi wa Chicago. Akajaribu tena, akatoka jaji wa Boston. Lafudhi ya kwao alikuwa ameifukuza mwenyewe ujanani, kwa mwalimu wa kulipwa, alipoambiwa haina soko. Leo aliiita, wala haikugeuka.

Nafasi ikaenda kwa bwana mmoja wa California, aliyefundishwa lafudhi hiyo kama kasuku. Lauchie wakampa maiti: mchimbaji anayelazwa sebuleni ili majirani waje kumuaga. Akakubali. Katika nchi ile mwigizaji anayechagua kazi ni yule mwenye mke daktari.

Waombolezaji waliokotwa palepale mjini, Effie akiwamo. Kamera ikawashwa. Wanawake wakainama mmoja mmoja juu ya jeneza, wakinong'ona lolote lililowajia. Zamu ya Effie ikafika.

"Sasa ndiyo umefanana na baba, mdogo wangu," akanong'ona. "Kaa hivyohivyo. Usiseme kitu, utaharibu."

Chozi likamponyoka Lauchie, likateleza hadi sikioni.

"Simama! Maiti analia!" mwongozaji akafoka, na chumba kizima kikaangua kicheko. "Mzee wangu, umekufa tangu jana, jikaze basi!"

"Samahani," akasema Lauchie. Hata hiyo ilitoka Chicago.

Wakarudia, chozi likarudi. Wakarudia tena, Effie hata hakunong'ona, aliinama tu, na bado likaja. Mwongozaji akachungulia dirishani jua linavyokwisha, akaguna, akasema basi afunikwe. Binti wa mavazi akaleta kitambaa cha lesi, akamtandikia usoni kwa upole.

Chini yake Lauchie akalia atakavyo. Kamera haikuona kitu, na safari hiyo mwongozaji akaridhika.