Aliyesimama Mahali pa Nyota

Siku yangu ya kwanza kazini hapa Dubai nilikabidhiwa kipima mwanga, kidude cha mkononi kinachosoma taa zimeupiga uso kwa kiasi gani. Mpigapicha mkuu, Mfaransa mwenzangu, akaniambia, "Usimtazame mtu. Tazama mwanga ulivyomkalia." Mimi ni mzaliwa wa Marseille, mama yangu Mzanzibari, hivyo nikaitikia kwa Kifaransa na moyoni nikabisha kwa Kiswahili. Nimebisha mpaka nimestaafu.

Nyie vijana mnarekebisha picha kwenye kompyuta. Sisi tulipanga taa kwanza, na nyota wa filamu hasimamishwi kungoja taa. Husimama mtu mwingine wa kimo chake, juu ya alama ya utepe sakafuni, mpaka kila kitu kikae sawa. Mpigapicha akisema "tayari", yule hutoka, nyota akaingia.

Nilipopanda cheo na kuwa mpigapicha mkuu, mtu wangu wa kusimama kwenye alama alikuwa Rehema, mama wa Tanga aliyewahi kufanya kazi za ndani mtaa wa Oud Metha. Uso wake niliujua kuliko wangu. Huku nikihangaika na taa, alinisimulia vituko vya madam wake hadi mafundi wakasahau chai. Nikaanza kuviandika. Wenzangu walinitania kwamba mpigapicha anayeandika filamu ni mpishi anayetaka kuketi na wageni. Niliwaacha wacheke; mpishi ndiye anayeijua chumvi.

Mtayarishaji, ndiye mwenye fedha, aliupenda mswada wangu. Ila alitaka nyota aigize maisha ya Rehema, na Rehema asimame tu kama kawaida. Nikakataa katakata: bila Rehema, mswada unarudi nyumbani. Akakubali shingo upande. Angempa onyesho moja.

"Akishindwa, khalas, nyota anaingia," alisema.

Tulipiga picha katika fleti moja ya Al Mankhool. Nyota alikaa pembeni, ameshapambwa uso. Rehema akasimama kwenye alama. Nikapanga taa bila haraka, nikapima shavu lake, nikarudi kwenye kamera.

"Tayari," nikasema.

Rehema akaondoka. Alichukua kanga yake kitini, akasogea ukutani, akampisha nyota kwa adabu. Nyota akainuka. Mtayarishaji akanitazama, nami nikaumia kweli, maana hivyo ndivyo kazi yetu ilivyomzoeza.

"Dada Rehema, unakwenda wapi?"

"Si umesema tayari, kaka?"

"Mwanga huu ni wako. Rudi usimame."

Akarudi. Tulipomaliza onyesho, nyota alikwenda kunawa uso bila kuambiwa, na mtayarishaji hakuitaja tena khalas yake.

Sasa nimestaafu, nakaa Hatta, milimani. Vijana wa fani hii wanaonitembelea huuliza ni picha ipi ninayojivunia, wakitarajia jangwa au maghorofa. Nawaonyesha ile ya Al Mankhool. Kabla hajatamka neno, Rehema anageuka kidogo kutazama pembeni, kuhakikisha hakuna mtu anayekuja kuchukua nafasi yake. Mwandishi wa filamu ile ni mimi, na hilo sikuliandika.