Shangazi Salome Kwenye Kitambaa Cheupe

Sisi tuliokulia Ilongero, Singida, miaka ile ya vijiji vya ujamaa tulimjua nyota mmoja tu, na alikuwa shangazi yangu. Msinibishie. Watoto wa siku hizi wana nyota chungu nzima kwenye simu na bado wanalalamika hawana cha kuangalia. Sisi tulikuwa na Shangazi Salome, dada mdogo wa baba, na alitutosha.

Kabla ya umaarufu alikuwa msichana wa kusaga uwele na kuchota maji kama wengine, ila sauti yake haikuwa kama ya wengine. Akianza kuimba tukiwa tunapura mtama, watu wa shamba la jirani walinyamaza wamsikilize. Nilimfuata kisimani na kidebe changu, maji yakinimwagikia mgongoni, na nilidhani kila ukoo una mtu wa namna hiyo. Jioni tulikula ugali na mlenda, tukacheza kombolela mpaka vumbi likatujaa puani, halafu tukamwomba atuimbie. Hakuwahi kutunyima.

Siku moja kikundi cha sanaa kutoka Dar es Salaam kilimsikia akiongoza nyimbo za kumpokea mgeni wa serikali, kikamtaka. Babu, yaani baba yake, alikataa katakata. Kwake, binti anayekwenda kuimbia watu asiowajua alikuwa ameshapotea. Shangazi alilia, akabembeleza, mwisho akapanda basi bila ruhusa. Babu akatamka mbele yetu sote, kwa Kinyaturu kwanza, kisha kwa Kiswahili ili hata mwalimu jirani yetu, mtu wa kuja, asikie: "Siku atakayorudi, shikamoo yake sitaiitikia!"

Nyinyi mnaosalimiana kwa kutumiana picha za vidole gumba mtaona ni jambo dogo. Kwetu mzazi asipoitikia shikamoo yako, huna kwenu. Bibi aliingia jikoni akakaa humo mpaka moto ukazima.

Haukupita muda mrefu tukaanza kumsikia Shangazi kwenye redio ya duka la ushirika. Mara anaimba, mara anaigiza kwenye michezo, akilia humo ndani kwa uchungu hadi Bibi naye analia huku nje, akiuliza nani kamfanya nini mwanawe. Nilikuwa nazunguka nyuma ya ile redio nione alipokaa. Sauti yake ikianza tu, Babu aliinuka kwenda kuangalia ng'ombe. Nadhani hakuna ng'ombe waliowahi kuangaliwa sana Singida nzima kuliko wale.

Kisha likaja gari la sinema. Wenzangu mnalikumbuka: lile Landrova lenye jenereta, na kile kitambaa cheupe kilichofungwa kwenye nguzo mbili uwanjani pa shule, upepo wetu wa Singida ukikitikisa. Mtangazaji wa gari alipita mchana na kipaza sauti akisema kwenye picha ya leo yumo binti wa Ilongero. Kijiji kizima kilikuwepo kabla jua halijazama.

Babu alikuwa amesema hatakanyaga kwenye mkutano wa kumtazama. Akatimiza ahadi yake kwa namna yake: alichukua kigoda chake akaenda kukaa nyuma ya kitambaa, ambako picha inaonekana vilevile lakini hakuna watu ila sisi watoto tuliokosa nafasi mbele.

Mashine ikawaka. Jamani! Shangazi Salome alitokea, uso wake mkubwa kuliko mlango wa nyumba yetu. Alikuwa akicheka kwa cheko letu lile lile, kitenge kimefungwa kama anavyofunga Bibi. Kwenye ile hadithi mzee mmoja msafiri anafika kwao, naye Shangazi anampa maji kwenye kata ya kibuyu, kisha anaimba. Alipomnyooshea tu yule mzee ile kata, Babu akasimama.

"Mkono wa kushoto!" alifoka. "Anampa mzee maji kwa mkono wa kushoto! Hayo ndiyo waliyomfundisha huko?"

Akanyanyua kigoda aondoke. Bibi alikuja mbio kutoka mbele. Sijawahi kumsikia akimpandishia Babu sauti isipokuwa jioni ile.

"Umejificha nyuma ya nguo, unaona kila kitu kimegeuka! Njoo ukae na watu, umwone mwanao."

Huko mbele watu walikuwa wameshaanza kupiga kelele, "Rudia! Rudia!" Fundi wa mashine alinung'unika kuhusu petroli, lakini nani angebishana na kijiji kizima? Akarudisha. Bibi akamshika Babu mkono, akamketisha mbele kabisa, nami nikajibanza miguuni pao. Shangazi akatokea tena, akanyoosha ile kata kwa mkono wa kulia, wa kushoto ukishika kiwiko, magoti yakiinama, kama alivyofundishwa nyumbani kwetu. Shangazi alipoanza kuimba, Babu hakwenda kuangalia ng'ombe.

Shangazi alikuja mwenyewe baada ya mavuno. Alisimama nje ya uzio, mrembo mpaka nikaona aibu ya miguu yangu yenye vumbi, lakini hakuthubutu kuingia.

"Shikamoo, baba."

Kimya. Bibi aliacha kupepeta. Babu alimtazama, kisha akauliza, "Yule mzee uliyempa maji ni ndugu yetu?"

"Hapana, baba. Ni mwigizaji mwenzangu."

"Basi na mimi nipe."

Shangazi akaingia ndani, akatoka na kata, akapiga magoti, akampa kwa mkono wa kulia. Babu alikunywa yote, taratibu, akafuta ndevu.

"Marahaba, mwanangu."

Televisheni zilipofika kwetu, Shangazi alikuwa ameshazeeka, akipewa nafasi za bibi kwenye michezo. Siku hizi wajukuu zangu wananionyesha vipande vyake kwenye simu, uso ule ulioujaza uwanja wa shule sasa unaenea kiganjani. Kwenye kila mchezo, kijana akimwamkia, Shangazi ananyamaza kidogo kabla ya kuitikia. Wajukuu wanacheka, "Bibi huyu kasahau maneno yake!" Mimi nawaomba warudie.