Mkeka wa Sista Malia

Paa! Mlio ule ninao masikioni mpaka leo. Jiwe lilipasuka motoni, kipande kikapita juu ya kichwa cha rafiki yangu Zuhura na kutua kwenye sufuria ya mama, na sisi watoto wa mtaa wa Kambarage tukatawanyika kama vifaranga walioona mwewe. Tulikuwa tunapika Kisamoa.

Wenzangu mliokulia Shinyanga miaka ya sabini mtanicheka. Enzi zile mtoto alicheza rede na kombolela, akichoka akatafuna michembe, vile viazi vikavu, ndiyo basi. Lakini mtaa wetu ulikuwa na Sista Malia, mtawa muuguzi wa zahanati ya misheni, mama mnene mwenye kicheko kikubwa, aliyetoka visiwa vya Samoa, huko mwisho kabisa wa Bahari ya Pasifiki. Alitusimulia kwamba kwao hawahitaji sufuria. Mawe huchomwa mpaka yawe mekundu, vikapangwa juu yake viazi na ndizi, vikafunikwa kwa majani ya migomba. Sisi tukakimbilia mawe ya mtoni, tena mabichi! Sista alipofika alicheka mpaka kitambaa cha kichwani kikamlegea. "Jiwe la mtoni lina hasira, wanangu. Chukueni la mlimani."

Jioni, kazi ikiisha, alikuja kubangua karanga na mama yangu. Tulimwamkia "Talofa, shikamoo!" naye akaitika yote mawili. Alisema nyumba za kwao zina nguzo na paa tu, kuta hakuna, upepo wa bahari unapita unavyotaka.

"Na fisi je?" Zuhura akauliza.

"Hatuna fisi."

"Haya, na wezi?"

Siku nyingine alisema wanaume wa kwao huchanjwa chale za wino kutoka kiunoni mpaka magotini, na anayelia katikati ya kazi hubeba aibu maisha yake yote. Siku moja alituchezea ngoma ya kwao. Jamani! Sisi tuliozoea ngoma za baada ya mavuno, watu na majembe yao, vumbi mpaka mbinguni, tukamwona mtu mzima anacheza kwa vidole tu, taratibu, kama anayechota maji asiyetaka yamwagike.

Kilichotuvunja mbavu ni habari ya mikeka. Kwao mali ya ukoo ni mkeka mwembamba, laini kama kitambaa, unaosukwa miaka. Harusini hutolewa mkeka, msibani hutolewa mkeka. Baba yangu, Msukuma wa ng'ombe na baba yake wa ng'ombe, aliweka kikombe chini.

"Sista, huo mkeka unazaa ndama?"

"Hauzai, Baba Minza."

"Unakamuliwa?"

Mama alicheka mpaka karanga zikamwagika.

Msukaji hodari wa mikeka hiyo alikuwa mama mzazi wa Sista, bibi aliyekuwa akipoteza macho, anayesuka kwa kupapasa. Nilimjua kwa masimulizi kama ninavyomjua bibi yangu. "Ukimaliza shule, Minza, tutakwenda wote," Sista aliniambia. "Mama atakusubiri ufukweni na taji la maua." Basi kila treni ya kushuka pwani ilipopiga honi pale stesheni, moyo wangu ulipanda behewa. Nilishachagua hata gauni la safari.

Kisha habari ikafika misheni kwamba yule bibi amefariki. Tena alikwisha kuzikwa, maana habari ilichelewa sana njiani. Kwenda kuliona kaburi haikuwezekana. Sista aliendelea kuchoma watoto sindano, ila hakuimba tena, wala hakuja kwenye karanga. Mama akamfuata zahanati, akarudi uso umemwanguka.

"Hali chakula, wala halii," alisema. "Msiba usioliliwa unamla mtu kwa ndani."

"Sasa tukalie wapi, mayu?" jirani mmoja akamwuliza mama. "Maiti haipo, ndugu hawapo."

"Ndugu ni sisi."

Kesho yake wanawake wa mtaa wakafunga kanga viunoni, wakaenda. Mama Zuhura, mama wa Kiislamu mwenye asili ya Ujiji, alibeba mkeka mpya wa ukindu aliokuwa akimwekea Zuhura kwa siku ya harusi yake. Akautandika barazani kwa masista ili watu wakae matanga. Nami nilikuwa nyuma ya mama, nimeshika bakuli la viazi.

Sista Malia akatoka. Akautazama ule mkeka, asiukanyage. Akapiga magoti, akaukunja polepole, akauinua kwa mikono miwili, akauweka kichwani.

"Jamani, mkeka wangu!" Mama Zuhura akanong'ona. "Amechanganyikiwa?"

Mama akamshika mkono. "Mwache. Ameuona ni mkeka wa msiba. Kwao ndiyo heshima yenyewe."

Hapo ndipo kilio kilipomtoka, kirefu, kwa lugha yao, akimwita mama yake. Na wanawake wa Kambarage, waliomcheka juzi tu, wakampokea kwa vilio vya Kisukuma na vya Kiswahili, wakimlilia bibi ambaye hakuna aliyewahi kumwona. Mama Zuhura, machozi yakimtiririka, akasema, "Chukua, mwanangu. Ni wako." Jioni Sista akala kiazi changu.

Alipohamishwa, aliondoka na ule mkeka kwapani. Stesheni aliniambia, "Nakusubiri, Minza." Sijui alisubiri mpaka lini. Nilimaliza la saba, nikaolewa, nikaletwa huku Katoro. Samoa sijafika, na gauni la safari lilishakuwa kitambaa cha kufutia meza.

Vijana wa leo wana raha yao. Mjukuu wangu aligusa simu mara moja tu, Samoa hiyo hapo. "Bibi, mbona ni hoteli tu? Kama Mwanza." Nikatazama zile nyumba zisizo na kuta, sasa zinalaza wageni, nikamtafuta bibi mwenye taji la maua. Hakuwepo.

Mwaka jana tulimzika mama. Palikuwa na mahema, viti vya plastiki, spika za kupasua masikio, na wapishi wa kukodi. Vijana walipiga picha na chakula. Aliyekaa chini hakuna, na mimi mwenyewe nilikuwa sijalia. Watu wananisalimia, naitikia, nahesabu sahani.

Walipopanga foleni ya pilau, niliingia chumbani kwa mama, nikafunga mlango. Nyuma ya kabati palikuwa na mkeka wake wa ukindu, aliosukiwa na Mama Zuhura, umejaa vumbi. Nikaupangusa kwa kanga. Nikapiga magoti, nikaukunja polepole, nikauinua kwa mikono miwili, nikauweka kichwani.