Baraza la Mzee Wangu

Juzi nilikuwa mahakamani hapa Mtwara, nikamwona bibi mmoja wa Mikindani aliyekuja kuishtaki halmashauri ya mji. Anajenga upya nyumba yake, nao wamemnyima kibali kwa kuwa baraza la mbele, la kukalia watu, lingeingia barabarani.

Hakimu akamuuliza kama ana wakili.

"Nina mume," akajibu, akiivuta kanga begani.

Bwana wa halmashauri akasimama, akaeleza kwa upole kwamba hawakatai baraza. "Mama anaweza kulijenga uani."

Bibi akamgeukia. "Mwanangu, mzee wangu miguu imekufa. Zamani alikuwa akiwaendea watu, sasa ni zamu ya watu kumjia. Huko uani nani atapita amsalimie? Kuku?"

Hata karani alicheka. Hakimu alijikuna kidevu, akasema barabara ni ya wote, hawezi kummegea mtu.

Bibi akainua viganja viwili, akavisogeza taratibu kama anayepima kitambaa. "Basi ukuta urudi ndani. Baraza likae kwenye kiwanja changu."

"Chumba cha kulala kitabaki kidogo mno, mama," alisema yule bwana.

"Tutalala karibu."

Safari hii hakuna aliyecheka. Yule bwana akasema halmashauri haina pingamizi, akaketi, akawa anaikunja na kuikunjua ramani yake.

Jioni nilikitazama chumba chetu, ambacho kila mara namsifia mama watoto kwa ukubwa wake. Siku ile sikukisifu.