Koti la Marehemu

Nina hasira, na nitaandika nikiwa nazo hivi hivi. Shule niliishia darasa la nne na mkono wangu ni mzito, lakini kichwa changu hakijasahau mtu. Waliokuja kwenye msiba wa mume wangu naweza kuwataja wote, waliokaa mkekani na waliosimama uani. Siwataji. Kusimulia kumeshaniponza mara moja.

Mjukuu wangu anaandika tamthilia za televisheni huko Dar es Salaam. Alianza kwa kunakili maneno ya waigizaji kwenye daftari, leo anaandika kipindi kizima na jina lake linapita kwenye kioo. Nilitamba mtaa mzima. Kila Ijumaa alinipigia simu: "Bibi, nisimulie." Nami namsimulia. Ndipo nikamsimulia msiba wa babu yake.

Mimi Mnyamwezi. Jirani yangu hapa mtaani Kanyenye ni mwanamke wa Kizaramo, mtani wangu. Utani huo tumeukuta, ni wa tangu mababu zetu wanabeba pembe za ndovu kwenda pwani na kupita kwao. Miaka arobaini hatujawahi kusalimiana kwa adabu. Siku ya msiba, jeneza linatolewa, akatokea mlangoni, kama desturi ya watani, amevaa koti la mume wangu, anakohoa kama yeye, anaburuta mguu kama yeye. Akaziba njia.

"Huyu haendi popote! Alikula jogoo wangu. Nipeni jogoo wangu kwanza!"

Watu walicheka huku machozi yanawatoka. Mimi nilikuwa siku ya pili sijatia kitu mdomoni. Nilicheka mpaka nikaomba uji.

Akaniambia ameutia kwenye kipindi chake. Siku kilipoonyeshwa nilimwita mtani wangu mwenyewe, nikamweka kiti cha mbele. Akatokea kwenye kioo mwanamke mwenye koti. Anakohoa vile vile, anaburuta mguu vile vile. Lakini huyo alikuwa hawara wa marehemu, na koti analiiba kwa sababu mfukoni mna hati ya nyumba. Mjane anamlaani mbele ya jeneza.

Mtani wangu akainuka, akafunga kanga yake vizuri.

"Asante kwa chai, mama."

Mama! Mimi, ambaye miaka yote hiyo ananiita ng'ombe mzee!

Nikampigia mjukuu saa ile ile.

"Niliandika kama ulivyosema, Bibi. Mwongozaji akasema watazamaji hawataelewa utani, na kila kipindi lazima kiwe na mtu mbaya."

"Wewe ukafanya nini?"

"Nikaandika upya. Ndiyo kazi yenyewe, Bibi. Nikikataa, ataandika mwingine."

"Si angeandika huyo mwingine! Yeye msiba ule haukuwa wa babu yake!"

Sokoni wakaanza kumuuliza mtani wangu hati kaificha wapi. Wanacheka, wanaona ni mchezo. Miezi mitano nikawa nampigia kelele kila asubuhi, "Wewe hujafa tu?" naye anajibu, "Namshukuru Mungu, mama. Habari za kuamka?" Kila "mama" yake ilikuwa kofi. Mimi umri umekwenda. Siku yangu ikifika, nani atavaa gauni langu aigize ninavyofoka? Nitatolewa humu kimya kimya, kama mzigo.

Nikamwamuru mjukuu aje. Akaja kwa treni, kanga mpya mkononi. Sikuipokea. Nikamshika mkono mpaka kwa mtani wangu, akapiga magoti.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba."

"Nisamehe. Nitaandika sehemu nyingine, watu wajue kuwa wewe…"

"Usiniandike tena," akamkatiza. "Bibi yako akifa nitakaa hapa hapa kwangu. Nikigusa nguo yake wataniita mwizi."

Nikalipuka. "Kama huji, basi na mimi sifi! Nitakaa hapa mlangoni kwako nikufokee mpaka mwisho wa dunia!"

Alinitazama kuanzia kichwani hadi miguuni, taratibu.

"Nguo zenyewe ndizo hizo? Mwizi gani atahangaika na matambara yako, ng'ombe mzee wewe?"

Nikakaa chini kwenye baraza lake. Kugeuka, namwona mjukuu wangu mkono umeshaingia mkobani na kutoka na kalamu, macho yanamng'aa.

Nikamnyang'anya. Ndiyo hii ninayoandikia.