Mgogoro wa Mchanga wa Kimbiji

Juzi, kwenye ofisi moja ya madini, nilipanga foleni nyuma ya mzee na mama wanaogombania leseni ya kuchimba mchanga Kimbiji. Miaka inapita, uamuzi hautoki, na kwa kukutana dirishani kila mara wamegeuka marafiki.

“Shikamooni. Faili bado liko kwa mkubwa,” karani aliwaambia.

“Sie tumeshapatana, mwanangu,” mama akasema. “Tutachimba pamoja.”

Karani akakuna kichwa. “Mkifuta mgogoro, mtaomba upya, mkianzia mwisho wa foleni.”

Wakatazamana. Mzee akakohoa. “Basi andika bado tunagombana.”

Wakashuka ngazi, mama kamshika mzee mkono asiteleze, huku wakirushiana maneno makali kwa sauti ili karani asikie. Mie nawaombea uamuzi utoke mapema, kabla hawajazoea kugombana kweli.